Kicheko cha Kuazima

Filamu ya kwanza ya prodyuza ilirekodiwa sebuleni kwake. Mfadhili hakuwa naye, kwa hiyo kila kitu alikitoa nyumbani: kochi, mapazia, pasi, sufuria za mkewe. Wakati wa kuhariri akaona vichekesho vyake vimepoa, havina wa kuvicheka. Akamwita mkewe, aliyekuwa na kicheko cha kuangusha vyombo kabatini, akamwekea maiki, akamtekenya. Mke akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Kochi lilirudi mahali pake. Mapazia yalirudi, moja limeunguzwa na pasi. Kicheko hakikurudi.

Mke alikitafuta kidogo, kama mtu anavyotafuta ufunguo, kisha akaacha. Likitokea la kuchekesha alisema, "Hilo linachekesha," akaendelea kumenya viazi. Daktari alimkagua koo, akasema koo halina neno, kicheko kipo kazini tu.

Na kweli kilichapa kazi. Filamu zikafuatana, na katika kila ukumbi kicheko kile kilitangulia, watu wakakifuata. Prodyuza akawa mtu wa kupigwa picha. Mkewe alihudhuria maonyesho yote, akakaa pembeni, na kila kiliposikika aligeuza shingo. Chenyewe hakikumtambua. Jamani, inauma.

"Nirudishie," alimwambia wakiwa njiani kurudi nyumbani.

"Nikimaliza filamu hii inayokuja."

"Ndivyo ulivyosema kwenye ile ya kinyozi."

"Hii ya mwisho, mke wangu. Haki ya Mungu."

Zikaja nyingine, mpaka kicheko kikachakaa. Kilianza kukohoa katikati, na katika filamu ya mwisho kikanyamaza kabisa, ukumbi nao ukanyamaza. Hapo ndipo prodyuza alipokirudisha, bila hata kuona haya. Mke akakijaribu, kikatoka kikohozi. Akakiweka kabatini pamoja na lile pazia lililoungua.

Tangu hapo prodyuza hakai chini. Anazunguka nyumba maiki mfukoni, anafungua friji, anafunga, anawapigia wachekeshaji simu, anakata kabla hawajapokea. Roho haimtulii.

Jumapili mezani kijiko kilimponyoka binti yao mdogo, kikatumbukia kwenye chai ya baba. Mtoto akacheka. Sahani mbili zikaanguka kabatini. Prodyuza, wiki nzima hajakaa, akavuta kiti akakaa, na mkono ukaenda mfukoni.

Mama akamziba mtoto mdomo. "Kula, mwanangu. Ukitaka kucheka, nenda kwa jirani."

"Mbona unaniangalia hivyo? Naazima tu," alisema prodyuza.

"Hata changu uliazima."

Sasa mtoto anachekea kwa jirani. Kila jioni kicheko chake kinapenya ukutani, na mama anaacha kumenya viazi, anasikiliza. Baba naye amelisogeza kochi mpaka kwenye ukuta huo, na juu ya kochi ameilaza maiki.