Uso wa Bibi Hedwig

Mwaka 1913, msafara wa picha za sinema ulipiga kambi Kiruruma. Mwanamisi alimpikia na kumfulia mwigizaji wao, Mjerumani aitwaye Hedwig Lohse. Mumewe Mwanamisi, Gharib, mchuuzi ambaye kwao ni Pangani, alikuwa mkalimani wa msafara.

"Bibi huyu amecheza picha nne za safari," Gharib alimwambia. "Misri juu ya ngamia, Norwei kwenye theluji. Kote ni kofia tu inayoonekana."

"Maskini. Na huku?"

"Huku, mwishoni, mashine ya picha itamsogelea usoni. Wakubwa wa Berlin wakimpenda, ngamia kwaheri."

Wiki hiyo Hedwig akashikwa na homa kali. Asubuhi ya tatu Mwanamisi alikwenda kuchuma mubirizi, majani machungu ya homa, na Gharib akaenda kununua ndizi. Mwanamisi aliporudi alimkuta Hedwig amelazwa mkekani nje ya hema, macho yamekodoka, kinywa wazi. Wanaume wamemzunguka kimya. Bwana Raabe, mkuu wa msafara, alikuwa akizungusha mashine yake, lakini hilo halikumshangaza Mwanamisi: hao walipiga picha hata ng'ombe akizaa.

Kwa akina mama wa Kiislamu pale, Mwanamisi ndiye aliyeitwa kuosha maiti. Hakungoja kuambiwa. Alimfumba Hedwig macho, akachana upindo wa kanga yake akamfunga taya, akamnyoosha mikono. Mwili ulikuwa bado wa moto. Wafao kwa homa huwa hivyo. Bwana Raabe akapiga kelele kwa Kijerumani. Mwanamisi akajua ni uchungu wa msiba. Akamfunika Hedwig uso.

Hedwig hakutikisika mpaka mashine iliposimama. Ndipo sauti ikatoka chini ya kanga, kwa Kiswahili chake cha kuokoteza: "Mwanamisi. Chai."

Gharib aliporudi alielezwa yote. "Mke wangu, alikuwa akiigiza kufa, na utepe ule wa picha ulikuwa wa mwisho. Uso wenyewe ndio umeufunika."

"Ulitaka nimwache kinywa wazi mbele ya wanaume? Mwambie anisamehe."

Hedwig alisikiliza, akijipapasa taya. Akajibu kwa maneno machache.

"Amekusamehe," Gharib alisema. "Anasema, basi, ni ngamia tena."

Msafara ukaondoka kwenda Bukoba. Mwaka uliofuata vita vikaanza, na habari za Hedwig hazikufika tena. Mwanamisi aliwafumba macho wengi baadaye, Gharib akiwa mmoja wao. Kila alipowakumbuka alimtaja na Hedwig, yule peke yake aliyeinuka akaomba chai.