Sifuri ya Miezi Kumi na Minne

Mlangoni pa wodi ya wanawake palitundikwa ubao mweupe wenye sifuri kubwa kama sahani. Chini yake yalisomeka maneno: "Maambukizi baada ya kutoa mimba, miezi kumi na minne." Daktari mkuu wa wodi aliipenda sifuri ile kuliko wagonjwa wake, na hakuna wa kumshangaa, maana sifuri haitapiki, haina homa, wala haiulizi itaruhusiwa lini kwenda nyumbani. Wageni wakija, aliwasimamisha pale akapiga nao picha. Nyuma ya mgongo wake aliitwa Daktari Sifuri.

Lakini sifuri yenyewe haikutengenezwa wodini. Ilitengenezwa ghorofa ya chini, chumba cha kumbukumbu, na aliyeitengeneza kwa vidole vyake ni Mama Mafaili.

Mama huyu aliingia hospitalini miaka ishirini na mbili nyuma akiwa mfagiaji. Misimbo ya magonjwa alijifunza mwenyewe, kwa kitabu kinene kilichokuwa kimeshapoteza jalada, akikaa nacho kila baada ya kazi mpaka akakimaliza. Kila ugonjwa una msimbo wake, herufi moja na tarakimu. Mgonjwa akiruhusiwa, faili lake linashuka, Mama Mafaili analisoma, anaandika msimbo pembeni na kuuingiza kwenye kompyuta, na kuanzia hapo daktari yeyote akifungua jina la mgonjwa huyo, huo ndio anaouona kwanza.

Zamani alisoma faili zima. Kisha Daktari Sifuri akaleta kanuni yake: msimbo utolewe kwenye mstari wa kwanza wa muhtasari, basi, ili kuokoa muda. Na kwenye mstari wa kwanza wa kila mwanamke aliyerudi na homa baada ya kutolewa mimba, daktari aliandika kwa mwandiko wa kupendeza: "Maambukizi ya njia ya mkojo." Ukweli aliuweka chini huko, kwa mwandiko wa kubanana kama sisimizi. Hakuwa mjinga wa kudanganya ukurasa mzima. Likizuka la kuzuka, angeweza kuweka kidole na kusema, mbona niliandika?

Mama Mafaili aliliona jambo hilo mapema. Ila hakuwa mtu wa kukurupuka. Alijiambia, labda mkojo nao ulikuwa na kasoro. Akaendelea kujiambia hivyo miezi kumi na minne.

Jumatano moja asubuhi, mwanamke mfupi mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi aligonga kioo cha dirisha la chumba cha kumbukumbu kwa funguo.

"Nani hapa anaandika magonjwa?"

"Magonjwa wanaandika madaktari, mama," alijibu mzee wa mihuri, ambaye alikaa meza ya pili. "Sisi tunayapa namba tu."

"Basi mmempa mwanangu namba mbaya."

"Mwanao yupi?"

"Mtoto wa dada yangu, fundi cherehani, kitanda cha tisa. Moyo wake mbovu. Nyinyi wenyewe mlisema mimba itamuua, mkaitoa humu humu. Sawa, tukashukuru. Wiki haijaisha, homa. Mkampa dawa ya mkojo. Akarudi. Dawa ya mkojo. Leo karudi tena, anatetemeka mpaka kitanda kinalia, na yule binti wa zamu kafungua kompyuta, kasoma, kaandika nini? Mkojo! Hivi mwanangu ameumbwa kwa mkojo mtupu?"

Mzee wa mihuri alitaka kucheka, akaona miwani ile inavyomtazama, akageuza kicheko kuwa kikohozi.

"Huo moyo utabeba homa mara ngapi?" mama mdogo aliuliza, safari hii kwa sauti ya chini. "Niambieni nyinyi wa namba."

Mama Mafaili alikwenda kabatini, akalivuta faili, akalisoma kama alivyokuwa akisoma zamani, tangu juu mpaka chini. Ziara ya kwanza, mstari wa nne: uchafu wenye harufu kutoka kwenye mfuko wa uzazi. Ziara ya pili, mstari wa sita: picha inaonyesha kitu kimebaki ndani, asafishwe ikibidi. Ikibidi! Na pembeni mwa kila ziara, msimbo wa mkojo, na chini ya msimbo herufi za jina lake mwenyewe, zimeandikwa vizuri, bila haraka.

"Mama, nisubiri hapo kwenye benchi," alisema, akapanda ngazi na faili kwapani.

Alimkuta Daktari Sifuri akiurekebisha ubao uliokuwa umeinama upande.

"Daktari, fundi cherehani wa kitanda cha tisa. Ule si mkojo."

"Shikamoo kwanza hakuna siku hizi?"

"Mimi ndiye mkubwa, daktari. Ungeanza wewe."

Akacheka kidogo, kicheko cha mtu anayemwonea huruma asiyejua. "Mama yangu, wewe ni karani. Magonjwa nayataja mimi."

"Na nimekuja na ulilolitaja. Liko mstari wa sita."

"Kanuni inasema mstari wa kwanza."

"Kanuni umeiandika wewe. Na mstari wa kwanza umeuandika wewe. Ugonjwa tu ndio haukukuuliza."

"Ijumaa tuna wageni," alisema, akirudi nyuma hatua mbili kutazama kama ubao umenyooka. "Baada ya Ijumaa tutalizungumza. Na faili haliruhusiwi kupanda ghorofa."

Mama Mafaili alimpita akaingia wodini. Binti wa zamu, daktari mwenye mwaka mmoja tu kazini, alikuwa mezani. Kitanda cha tisa kilisikika kutoka pale. Mama Mafaili akamfungulia mstari wa sita. Binti akausoma mara mbili, akatazama mlangoni.

"Mama, naona. Lakini mkuu keshaandika mkojo mara mbili. Mimi nani nimsafishe mtu aliyeandikiwa mkojo?"

Basi hapo Mama Mafaili akakielewa kiwanda chote. Mgonjwa alisema, hakuaminiwa. Mama mdogo alisema, hakuaminiwa. Picha ilisema, ikawekewa "ikibidi". Madaktari wawili wenye vyeti ukutani walikuwa wakiamini kitu kimoja tu, tarakimu zilizoingizwa na mfagiaji wa zamani.

Akashuka. Akaketi. Ziara ya leo ilikuwa bado haijapewa msimbo; kwa kawaida ungengoja mgonjwa aruhusiwe. Akaingiza O08.0, maambukizi ya viungo vya uzazi baada ya mimba kutoka, na herufi za jina lake.

"Unajua watakufungia kompyuta," mzee wa mihuri alinong'ona.

"Wafunge."

Ghorofani, kwenye kioo cha kompyuta ya binti wa zamu, jina la fundi cherehani liligeuka jekundu. Ulikuwa utaratibu wa hospitali yenyewe: msimbo huo ukiingia, mgonjwa apimwe upya ndani ya saa moja. Kwa miezi kumi na minne hakuna aliyeuona wekundu ule. Binti akasimama kwa ujasiri mwingi, maana sasa kompyuta ilikuwa imemwamuru, akaita machela. Daktari Sifuri alipouliza nani ameruhusu, alionyeshwa kioo.

Saa nane mchana fundi cherehani alitolewa chumba cha upasuaji, amesafishwa. Saa kumi homa ilianza kushuka. Saa kumi na nusu kompyuta ya Mama Mafaili ilifungwa kwa amri ya mkuu wa wodi.

Mama mdogo alirudi dirishani, miwani mkononi, macho yamevimba.

"Ameomba uji," alisema. Kisha akalichungulia faili lililokuwa wazi mezani. "Herufi hizi hapa pembeni, mara mbili. Ni za nani?"

"Zangu."

"Wewe ndiye uliyeandika mkojo?"

"Ndiye mimi."

Mzee wa mihuri alijishughulisha na wino. Mama mdogo hakutoa asante, wala Mama Mafaili hakuingojea.

"Haya, ziandike upya namba zote mbili," alisema mama mdogo. "Nikiona."

Mama Mafaili alichukua kalamu, akaikata ya kwanza kwa mstari mmoja ulionyooka, akaandika juu yake, huku mama mdogo akiifuata kila tarakimu kwa kidole kupitia kioo cha dirisha.