Kumi na Mmoja wa Machimbo ya Bati

Msinisomee gazeti. Mimi, Mutalemwa, nilichimba bati hapa Kyerwa miaka sita, na gazeti ndilo lililonitoa shimoni.

Mwaka 1955 udongo ulimfukia mwenzetu Leonadi. Tulimtoa amekufa, mdomo umejaa matope. Meneja, Mzungu mwenye roho mbaya, akasema mbao za kuzuia kuta ni ghali. Tukaamua kuliandikia gazeti la wafanyakazi la Dar es Salaam, ambalo Pastory, karani wa stoo, alitusomea kila Jumapili baada ya misa.

Pastory, Mhaya wa Bukoba, alijifanya anajua kila kitu, na safari hii alijua kweli. "Andikeni tu 'Sisi wachimbaji'," alisema. "Gazeti linaruhusu."

Mzee Novatus akafoka, "Anayeshtaki bila kujitaja ni mchawi! Sisi tuna baba zetu."

Tulimshangilia, wapumbavu sisi. Kwetu mtu hasemi neno zito mbele za watu kabla hajataja baba, ukoo na kijiji chake. Basi Pastory akatuandikia, nasi tukajitaja, watu kumi na mmoja. Mimi nilimgombeza Pastory arudie kunisomea ukoo wangu, asije akaukosea.

Gazeti likachapa vyote. Asubuhi moja meneja alisimama mbele yetu nalo mkononi, akatuita mmoja mmoja, na ukoo juu. Hakuhitaji mpelelezi. Askari wakatusindikiza hadi barabarani kama wezi wa mbuzi.

Lakini maneno yetu yalikuwa yamesomwa mbali. Mkaguzi wa serikali alikuja, akashuka mashimoni, akatoka amekunja uso. Mwezi haukuisha, lori likaleta mbao. Gazeti likatangaza kwamba wachimbaji wa Kyerwa wameshinda. Kuhusu sisi tuliofukuzwa, hata mstari mmoja! Nililirarua mikononi mwa Pastory, nikamtukana bure, maana hakuwa na kosa.

Nafasi zetu walianza kupewa watu wa vijiji vya Rugu na Ndama. Kisha mdogo wangu Melkiory akaja kwangu, kijijini Mabira.

"Shikamoo, kaka." Alikwepa macho yangu. "Wanataka kuniandika kazi. Shimo lako."

Nilimwita msaliti, nikamfukuza. Alipofika kwenye migomba nikamwita tena.

"Hizo mbao umeziona?"

"Nimeziona."

"Nene?"

"Kama paja lako, kaka."

Nilitamani aseme nyembamba.

"Nenda," nikamwambia.