Shavu la Kushoto la Ndayisaba

Mwezi wa pili wa mwaka 1979, gari la sinema lilifika kijijini kwetu, upande wa Mugoma, saa saba mchana. Miaka mingine lilikuja jioni tukakaa uwanjani, lakini mwaka ule wa vita tulikatazwa kuwasha mwanga mkubwa nje usiku. Ndugu Protasi, mwenyekiti wa kijiji, akaamua sinema ionyeshwe ndani ya ghala, mchana uleule. Madirisha mawili yakazibwa kwa magunia ya kahawa. Shuka la kuonyeshea lilikuwa langu, la harusi. Nililipiga pasi ya mkaa asubuhi, na doa la chai lililokuwa pembeni nikalikunja kwa nyuma lisionekane.

Mimi ndiye niliyekuwa mwalimu wa kisomo cha watu wazima. Nilikuwa na darasa la saba, na kwa kijiji kile hiyo ilikuwa elimu kubwa. Kila sinema ya serikali ilipokuja nilisimama kando ya shuka na fimbo ya mwanzi, nikawaeleza wazee kwa Kihangaza, lugha yetu. Nilikuwa na maneno yangu ya kuanzia, na sikuwahi kuyabadilisha: "Mtakachokiona ni kweli. Kilitokea, kikapigwa picha." Na vilikuwa vya kweli hasa. Choo cha shimo, maji ya kuchemsha, mgomba mgonjwa na jinsi ya kuung'oa na mizizi yake.

Siku hiyo nilisema maneno yaleyale, tukaangalia choo mpaka kikaisha. Ndipo Yahaya, kijana wa Biharamulo mjini aliyeendesha mashine ya sinema, akatoa kopo jingine la bati.

"Hii nimeazima kwa tajiri mmoja kule mjini," akaninong'oneza. "Watu wana mawazo ya vita, mwalimu. Tuwaburudishe kidogo."

"Inasema nini?"

"Sijui. Lugha yenyewe hata si Kiingereza. Wewe elezea elezea tu."

Ningeweza kukataa. Lakini watu mia na zaidi walikuwa wamekaa chini kwenye sakafu ya saruji, wamenitazama mimi, na fimbo ilikuwa mkononi.

Kwenye shuka akatokea bwana mmoja wa Kizungu mwenye koti refu. Alikula na mkewe, akamfuta mtoto mdomo kwa kitambaa, akawasalimia majirani akivua kofia. Halafu akaingia chumba kidogo peke yake akashika meza. Picha ikamsogelea usoni. Shavu lake la kushoto likaanza kutikisika, kama utando wa maziwa yanayokaribia kuchemka. Ngozi ikajikunja. Jicho likavutwa chini. Kisha nywele zikaota, moja moja, na upande wa kulia wa uso ukabaki wa mtu vilevile.



"Mwalimu," Ndugu Protasi akaita kutoka kwenye kiti chake cha mbele, "huyu anakuwa nini?"

Sikujua. Alifanana na mbwa, lakini si mbwa. Nikataja mnyama ambaye kila mtu pale alimjua, kwa sababu mwezi ule alikuwa ametuchukulia mbuzi wanane.

"Anakuwa fisi," nikasema.

Wakavuta pumzi wote pamoja. Naam, nilifurahi. Nikaongeza: "Mchana ni jirani mwema, anasalimia watu. Usiku anazunguka kwenye mabanda yao." Hayo niliyatunga nikiwa nimesimama.

Hapo hapo mkanda ukakatika. Shuka likawa jeupe tupu. Yahaya akaomba mlango ufunguliwe kidogo apate mwanga wa kuuunga, na jua likaingia kama ubao mmoja mrefu, likamwangukia mtu aliyekaa karibu na mlango.

Alikuwa Ndayisaba. Alivuka kutoka Burundi mwaka 1972, nyumba yao ilipochomwa moto, na miaka saba aliishi nasi akisuka vikapu katika nyumba ya mwisho ya mstari. Shavu lake la kushoto liliungua. Ngozi ilikuwa imejikunja, imevuta jicho chini. Kwa kawaida alishusha kofia upande huo, lakini ndani ya ghala, mbele ya mwenyekiti, alikuwa ameivua kwa heshima.

Mama mmoja akapiga ukelele. Watu waliokuwa karibu na Ndayisaba wakaruka, na mahali alipokaa pakabaki wazi pande zote.

"Mbuzi wangu wawili!" Hiyo ilikuwa sauti ya Mama Marsiana, mjane aliyekuwa na mtoto mmoja tu, Novatus, naye yuko vitani. "Mbuzi wangu wawili, Ndayisaba! Na juzi ulikuja kunipa pole!"

"Ni moto," Ndayisaba akasema. Alikuwa bado amekaa. "Mnajua ni moto. Nimewaambia tangu nilipofika."

"Moto gani unaochagua upande mmoja?"

"Nilikuwa nimelalia upande wa pili."

Wengine wakacheka, na kicheko kile kilikuwa kibaya kuliko ukelele. Mtu akasema nyuma, "Mvueni suruali tuone mkia!" Vijana wawili wa mgambo wakamnyanyua, wakamfunga mikono kwa kamba ya katani ya kufungia magunia. Mmoja akausukuma mlango mpaka ukabaki upenyo tu, akauegemea kwa mgongo.

"Ni mchezo!" Yahaya akapaza sauti. "Jamani, ni mchezo wa kuigiza! Yule kabandikwa nywele kwa gundi!"

"Wewe unalala mjini," akajibiwa. "Una mbuzi wewe?"

Ndugu Protasi alikuwa amesimama, anageuza geuza kofia yake. Hakuwa mtu katili. Alikuwa mtu aliyeogopa kuulizwa na wilaya kwa nini kijiji chake kina fujo wakati wa vita, na pia aliogopa watu wake. Kijana aliyeshika kamba akamwambia, "Ndugu mwenyekiti, mto Ruvubu umejaa. Tumpeleke tukamtupe. Mtu atazama, fisi atavuka."

Protasi akamtazama Ndayisaba, akatazama watu. Akatikisa kichwa polepole, kukubali.

Nikaenda kwenye mashine, nikauchukua ule mkanda uliokatika kutoka mikononi mwa Yahaya.

"Mwalimu, utauchafua, si mali yangu!"

Sikumsikiliza. Nikamwendea mwenyekiti, nikaunyoosha kwenye upenyo wa mwanga. "Angalia vifungo, mwenyekiti. Hapa kifungo cha pili cha shati kimefungwa. Hapa nywele zimeota, na kifungo kimefunguka, na mikono hakuitoa mezani. Walisimamisha kupiga picha, wakambandika nywele, wakaendelea."

Akaukodolea macho mkanda kwa muda mrefu. Alikuwa na mtoto wa jicho.

"Naona vipicha kama kucha," akasema. "Vifungo sivioni." Halafu akanigeukia. "Na fisi, si wewe uliyesema? Ulianza kwa kutuambia ni kweli, kilitokea. Sisi tumesikia kwako."

"Kwako!" watu wakaitikia.

Vijana walikuwa wameshaanza kumvuta. Ndayisaba hakupiga kelele. Aligeuza uso upande wangu, shavu lile likiwa wazi, akaningoja.

"Nilidanganya," nikasema.

Hawakusikia. Nikapiga fimbo kwenye bati la ukuta, mara tatu, kama nilivyozoea kufanya darasani.

"Nilidanganya! Lugha ile siijui. Sikuelewa hata neno moja. Fisi nimemtia mimi."

Ndugu Protasi akauliza taratibu, kama anayeandika: "Kwa hiyo yule si fisi?"

"Sijui ni nini."

"Na ile ya kusema mchana ni jirani mwema?"

"Ni yangu."

"Anazunguka kwenye mabanda?"

"Yangu pia. Niliona mnapenda."

Kijana aliyeshika kamba akailegeza. "Basi tumemfunga mtu kwa hadithi ya mwalimu," akasema, na safari hii aliyecheka alicheka kwa aibu. Ndugu Protasi alipumua kwa nguvu. Nadhani alishukuru kupata mtu mwingine wa kubeba jambo lile. "Mfungueni," akasema. "Fisi anayekula mbuzi tutamwekea mtego. Mfungueni haraka."

Wakamfungua. Ndayisaba akasugua vifundo vya mikono, akaokota kofia yake, lakini hakutoka. Yule mgambo alikuwa ameuacha mlango wazi mbele yake, naye akabaki amesimama hapo.

Watu walikuwa wamegeuka kunitazama mimi.

Mama Marsiana akapita katikati yao. Alikuwa anafungua fundo la kanga yake, likamkatalia mpaka akalivuta kwa meno. Humo alikuwa na barua, imekunjwa mara nne. Ilikuwa barua ya Novatus. Mimi ndiye niliyewasomea barua akina mama wote wa kijiji kile ambao watoto wao walikuwa vitani, na ile nilimsomea Jumapili, nyumbani kwake.

"Na hii, Koleta," akasema. Hakuniita mwalimu. "Hii nayo ulielezea elezea tu?"

Nikanyoosha mkono niipokee barua.

Akampa Yahaya barua. "Mwanangu, wewe hunijui, huna sababu ya kunipendeza. Nisomee ilivyo."

Yahaya akanitazama. Nikainamisha macho. Akasogea mlangoni penye mwanga, akasoma kwa sauti ya chini: shikamoo mama, mimi ni mzima wa roho, niko hospitali, chakula si kibaya. Akaendelea. "Mama, usishtuke. Mguu wangu wa kushoto wameukata, chini ya goti."

Mimi Jumapili nilikuwa nimesoma kwamba anaumwa mguu kidogo.

"Rudia hapo," Mama Marsiana akasema.

Yahaya akarudia.

Hakulia. Aliichukua barua, akaikunja kwa mikunjo ileile, akaifunga kwenye kanga. Nilisema, "Nisamehe, mama. Nilitaka upate usingizi."

"Nimelala siku nne," akasema. "Mwanangu hana mguu, mimi nalala. Na wewe ukakaa ukala ndizi zangu."

Akatoka. Akina mama wengine wakatoka nyuma yake, kila mmoja ameshika mahali alipofungia barua yake, ili Yahaya awasomee kando ya gari. Walipanga mstari chini ya jua. Nilisikia sauti yake ikisoma mpaka saa kumi, na mara mbili nilisikia mtu akilia, ingawa barua hizo zingine nilikuwa nimezisoma zilivyo.

Ndani nilibaki na Ndayisaba. Alinisaidia kulitoa shuka ukutani. Tulilikunja pamoja, yeye ncha mbili, mimi mbili, na tulipokutana katikati hakugeuza lile shavu.