Mchezaji wa Miaka Kumi na Minane

Verdiane alikuwa na umri wa miaka thelathini na tisa, goti moja bovu, na tabia ya kudanganya kila furaha inapomzidi. Asubuhi ile pikipiki tano zilipotoka Lushebere, Masisi, kuelekea Kibua, Walikale, mashariki mwa Kongo, zimebeba wasichana tisa, magongo sita na sufuria ya maharagi, furaha yake ilikuwa kubwa mno.

Softiboli aliikutia ukimbizini, Uganda. Alikuwa na miaka kumi na mitatu wakati mwalimu mmoja alipomkabidhi gongo, kwa kuwa alikuwa mrefu na mkorofi, akidhani litamtuliza. Halikumtuliza. Kwanza alicheza besiboli na wavulana, hadi wavulana wenyewe wakaenda kumshtaki kwamba anapiga mipira yao yote inaishia kwenye migomba ya watu. Ndipo akapelekwa kwa wasichana, kwenye softiboli, na huko akakutana na Constance, binti wa Kibua. Kwa miaka kumi na miwili walichezea klabu moja ya Kampala, Verdiane akirusha mpira, Constance akiudaka. Walipanga chumba kimoja, wakatumia kikaango kimoja, na hawakupitisha siku bila kutukanana kwa mapenzi.

Kisha Jumapili moja Verdiane akaserereka chini kuwahi kituo, mahali pa mkimbiaji kuwa salama, goti likakataa. Klabu ilimpa kikombe cha plastiki na kumtakia heri. Akarudi kwenye kilima cha mama yake, kwenye maharagi na muhogo, na mwezi haukuisha kabla hajamtuma Papa Habineza, seremala, achonge magongo. Akakusanya wasichana, wengine wa mashamba ya jirani, wengine wa kambi ya wakimbizi wa ndani. Wamama wa kanisa walipouliza ni kwa nini watoto wanavaa suruali, akawafunga vitenge juu ya suruali. Wakianza kukimbia, upepo ulikuwa unavipeperusha, suruali zinaonekana tena.

Constance naye alirudi Kibua na kuanzisha timu yake. Ujumbe wake uliingia kwenye simu ya Verdiane: "Muje tucheze. Wasichana tu, chini ya miaka makumi mbili. Usiniletee wamama."

Verdiane alisoma sentensi ile ya mwisho mara nne.

Walipofika Kibua, wakiwa na matope hadi kwenye nyusi, aliuona uwanja: majani yamefyekwa vizuri, magunia ya mchanga kwenye kila kituo, shamba la muhogo kwa nyuma. Mikono ikaanza kumwasha. Akamvuta pembeni Libérata, mchezaji wake wa tisa, msichana wa miaka kumi na mitano ambaye mpira ulikuwa ukimtoka mikononi kama samaki.

"Libérata, muguu yako inauma, si njo?"

"Hapana, kocha. Iko muzima."

"Lakini jana ulianguka."

"Nilianguka juzi. Na ilikuwa mukono."

"Njo vile. Mukono inaweza shuka mupaka mu muguu. Leo utapumuzika."

Libérata akaenda kukaa juu ya jiwe, kando ya sufuria.

Mwamuzi alikuwa Papa Honoré, katekista, mwalimu wa dini wa Kibua, mzee mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Softiboli alifundishwa na Constance, na kijitabu cha sheria, cha Kifaransa, alikihifadhi ndani ya Biblia. Aliketi kwenye meza ndogo, wachezaji wakapanga mstari, naye akaandika majina.

"Jina?"

"Muhawenimana," alisema Verdiane, akitaja jina lake la pili, kofia ameishusha hadi machoni.

"Miaka?"

"Kumi na munane."

Papa Honoré akainua miwani. Akaangalia bandeji ya goti, akaangalia mvi mbili zilizochungulia chini ya kofia.

"Uko classe ya ngapi?"

"Ya inne ya sekondari, Papa."

"Unasoma polepole."

"Vita ilituchelewesha, Papa."

Hakuna mtu wa Masisi wala Walikale anayeweza kubishana na jibu hilo. Papa Honoré akaandika.

Constance alikuwa amesimama hatua mbili tu kutoka pale, mdomo wazi. Verdiane akangoja aumbuliwe. Badala yake Constance akafunga mdomo, akakohoa, akaanza kuchunguza mawingu. Jambo hilo lilimshangaza Verdiane, hadi alipomwona mchezaji aliyefuata, mlinzi wa Kibua wa kituo cha tatu, mwanamke mwenye kiuno cha kutosha kubeba mapipa mawili.

"Astrid," alijitambulisha. "Miaka kumi na saba."

Huyo alikuwa mdogo wake Constance. Verdiane alikuwa amekula mbuzi wa ubatizo wa mtoto wa tatu wa Astrid.

Makocha wawili wakatazamana.

"Iko mutoto muzuri," alisema Verdiane.

"Hata wa kwako," alijibu Constance. "Amekomaa kidogo tu."

Mchezo ukaanza. Mama mmoja mzee, bibi wa familia ya Astrid, alikaa kando ya kituo cha tatu akiwa na kitoto mgongoni, na kila zamu ilipobadilika Astrid alipita karibu naye kana kwamba hawajuani. Kura iliwapa Lushebere kupiga wa mwisho katika kila zamu. Verdiane alipiga mpira wa kwanza ukavuka muhogo. Alipiga wa pili ukamfukuza kuku wa mtu. Mwili wote ulikumbuka, ukacheka. Alirusha kwa mkono wa chini kama zamani, na Constance, pembeni, alisaga meno kwa kuwa hapakuwa na mwingine pale aliyejua kudaka mipira ile.

Ila wasichana wake walikuwa kimya. Waliporudi kupumzika, waliketi na Libérata kwenye jiwe, wakanong'ona, na kocha wao alipokaribia wakaanza kuzungumzia maharagi. Kufikia zamu ya tano Verdiane alikuwa anazunguka mbali ili asipite upande wa jiwe lile. Furaha ilikuwepo bado, lakini imeingiwa na kokoto.

Zamu ya saba, ya mwisho, timu zilikuwa sawa, tisa kwa tisa, na wapigaji wawili wa Lushebere walikwisha kutolewa. Verdiane akashika gongo. Mpira ukaja, akaupiga, ukaenda mbali, akakimbia: kituo cha kwanza, cha pili, akaona cha tatu, na hapo hapo goti likalia kama kijiti kikavu. Akaanguka kifudifudi, akakumbatia gunia la mchanga kwa mikono miwili.

"Salama!" alipaza sauti Papa Honoré, akinyoosha mikono kama wakati wa kubariki. Kisha akainama. "Muhawenimana, mutoto wangu, unaweza simama?"

"Hapana, Papa."

"Nani ataingia kwa nafasi yake?"

Wasichana wote wakamwonyesha Libérata. Yeye akafunika sufuria, akafunga kitenge vizuri, akaja.

"Muguu iko aje?" aliuliza Verdiane akiwa chini, na hakuweza kumwangalia usoni.

"Imepona," alisema Libérata.

Wakambeba kocha, wakamlaza pembeni. Mrushaji wa Kibua akarusha, mpigaji akakosa, Libérata akatoka hatua tatu nje ya kituo. Mdakaji wa Kibua aliliona hilo, akautupa mpira haraka kwa Astrid ili wamnase. Ulikuwa mtupo mzuri kabisa. Lakini sekunde ile ile kitoto kilichokuwa mgongoni mwa bibi kikapiga ukelele, na Astrid akageuza kichwa. Mpira ukampita sikioni, ukapotelea kwenye muhogo.

Libérata hakungoja ishara ya mtu. Alikimbia, kitenge kikafunguka kikabaki nyuma, naye akakanyaga kituo cha nyumbani kwa miguu yote miwili.

"Haiwezekani!" Constance aliingia uwanjani mbio. "Papa Honoré, ile pointi haina maana! Mutoto amesumbua muchezaji wangu!"

"Mutoto wa nani?" aliuliza Papa Honoré.

Mtoto mwenyewe ndiye aliyejibu, kwa kulia.

"Wa... wa jirani," alisema Constance.

Bibi alikuwa amechoka na siasa. Akamshusha mtoto, akamkabidhi Astrid, na mtoto, bila kujali mashindano, akatafuta titi akalipata.

Papa Honoré alifungua kijitabu, akalamba kidole, akapitia kurasa zote hadi ya mwisho.

"Hapa hawasemi kitu juu ya kunyonyesha," alisema. "Pointi iko nzuri. Lushebere, kumi. Kibua, tisa." Akakirudisha kijitabu ndani ya Biblia. "Na kesho asubuhi, huyu mutoto wa miaka kumi na saba, na ule wa kumi na munane anayelala pale, pamoja na Mama Constance, watakuja kwa katekisimu. Banc ya mbele, na watoto wenzao. Tutasoma amri ya nane, ile ya kukataza uongo."

Jioni hiyo, kwa kuwa Lushebere walilala Kibua, Constance alimkanda Verdiane goti kwa maji ya moto, kwa nguvu iliyozidi mahitaji. Libérata alipoleta sahani ya maharagi, Verdiane alimshika mkono.

"Nilikudanganya. Nilitaka kucheza tu."

"Tulijua sisi wote, kocha."

"Na mukanyamaza?"

"Ulikuwa unapiga vizuri," alisema Libérata. Akafikiri kidogo. "Lakini mimi nilikasirika. Bado niko nakasirika."

"Iko haki yako," alisema Verdiane, na hakuongeza neno la kuchekesha, ingawa lilikuwa tayari mdomoni.

Asubuhi walikaa watatu kwenye benchi la watoto, magoti yakigusa kidevu, isipokuwa goti moja lililonyooshwa njiani. Msichana wa miaka saba alisoma amri ya nane kwa sauti kali, akiwakazia macho mmoja mmoja.

Baada ya katekisimu pikipiki zilichelewa. Verdiane akaomba kiti, akakaa katikati ya uwanja na kapu la mipira miguuni, akaanza kumrushia Libérata. Mipira kumi na mmoja ya kwanza ilianguka. Wa kumi na mbili ukashikwa, na Libérata akautazama ndani ya glavu kama anayeogopa kwamba utabadili mawazo.

"Tena," alisema.