Mawe Yalitosha

Katika mchezo wetu ng'ombe wa mahari walikuwa mawe. Kijiji chetu kiko nje kidogo ya Bunda, na mchezo ulikuwa wa enzi za Mjerumani: kizee tajiri anaoa msichana, usiku wa harusi nguvu zinamgomea, bibi harusi anajificha chini ya kitanda, na kizee anapapasa mto akiuita mke wangu. Watu walicheka hadi kushika mbavu. Mimi Esta nilikuwa mama mkwe. Bibi harusi alikuwa rafiki yangu Wankyo, aliyekuwa akingoja kwenda chuo cha uuguzi. Kizee alikuwa Masatu, aliyefiwa na mke, mwenye ng'ombe wengi kuliko wote.

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Kwetu alikuja Kasmiri na kamera yake kutoka Dar es Salaam, tukaugua.

"Sinema haitaki mawe," alisema. "Nataka ng'ombe, zizi, na baba mwenyewe wa binti."

Masatu akatoa ng'ombe wake, mbio mbio. Mseti, baba yake Wankyo, akawapokea zizini kwake. Wazee wakawabariki na kunywa pombe, mwenyekiti wa kijiji akiwa miongoni mwao. Kamera ikafungwa, Kasmiri akaondoka. Ng'ombe wakabaki.

Tulingoja Masatu awachukue. Hakuja. Mmoja akazaa, na Mseti akaanza kunywa maziwa.

"Baba, si ulikuwa mchezo?" Wankyo alilia.

"Ng'ombe wameingia, wazee wamekunywa," alisema Mseti. "Mchezo gani huo?"

Tukakimbilia kwa mwenyekiti. Huyo aliyekuwa akituhubiria kila mkutano kwamba binadamu wote ni sawa akatazama pembeni. "Hata mimi nilikunywaga ile pombe," alisema. Ningekuwa na jiwe mkononi, ningempiga nalo.

Masatu akaja kumchukua mke wake. Chuo kikaanza bila Wankyo.

Filamu ilipofika Musoma, Masatu alitupeleka ukumbini mchana, akiwa amevaa koti. Wankyo alikuwa mjamzito. Alipoonekana kwenye filamu akitambaa chini ya kitanda, ukumbi mzima ulilipuka kwa kicheko, watu wakapiga miluzi, na Masatu akafuta machozi ya furaha.

Nikamshika Wankyo mkono. Hakuondoa macho kwenye picha.

"Wanachekaga hapo kila mara," alisema polepole. "Esta, kule kwake nikiingia chini ya kitanda, hakuna mtu anacheka."