Njia Aliyoikumbuka Virgil

Oneida Stamper aliingia ofisi ya leseni huko Kentucky akiwa amevaa blauzi yake ya kanisani kwa ajili ya picha, mkoba umejaa karatasi na moyo umejaa uhakika. Picha haikupigwa.

"Cheti cha kuzaliwa kinasema Oneida Fay Gilliam," alisema karani, binti mpole mwenye miwani mikubwa. "Bili ya umeme, barua ya benki, kadi ya hifadhi ya jamii, vyote vinasema Stamper. Hapa katikati pana shimo, mama. Kwa macho ya serikali nyinyi ni watu wawili."

"Mwanangu, leseni ninayo tangu hujazaliwa. Inasema Stamper, na mliitoa nyinyi wenyewe."

"Na hiyo itakuendeshea gari bila shida. Lakini kupanda ndege siku hizi wanataka leseni mpya yenye alama ya nyota, na yenye nyota inataka hati ya ndoa, ionekane Gilliam aligeukaje Stamper. Mlifungia wapi?"

Oneida akajibu haraka. "Virginia."

"Virginia wapi?"

"Hapo ndipo penye kazi."

Binti yule hakucheka. Alimweleza kwamba akiandika kwa posta makao makuu ya Virginia atasubiri wiki nyingi, lakini akiujua mji atakwenda mwenyewe mahakamani na kurudi na nakala siku hiyohiyo. "Kama mliachana, karatasi za talaka je? Huwa zinataja ndoa ilifungwa wapi."

Nakala yake Oneida aliitia ndani ya jiko siku ileile aliyoipokea, akaiangalia mpaka ikawa majivu. Ile ya mahakamani ilisombwa na mafuriko pamoja na kabati zima. "Hazipo," alijibu.

"Basi muulize mzee wako."

"Mzee wangu," Oneida alisema huku akikusanya karatasi zake, "sasa ni mzee wa mwenzangu."

Alikaa garini kitambo bila kuwasha injini. Binti yake wa pekee, Tamra, alikuwa Boise, upande wa pili wa nchi, na mimba yake ya kwanza baada ya kukata tamaa miaka na miaka. Daktari alimwamuru alale, asinyanyue hata sufuria. Mumewe dereva wa malori, leo yupo, kesho hayupo. "Usijisumbue, mama, nitapata mtu," Tamra alisema kwenye simu, na Oneida aliijua hiyo "usijisumbue": ni ya mtoto anayetaka mama yake aje mbio. Kwa basi ni siku tatu, na mgongo wake ulishapasuliwa mara mbili. Ilikuwa ndege au hakuna.

Mji wa ndoa yake hakuujua kwa sababu hakuuona ukija. Yeye na Virgil walitoroka wakiwa na miaka kumi na minane kila mmoja, maana baba yake, mzee Gilliam, hakutaka kusikia jina la kijana yule. Alfajiri hiyo Oneida alilala kwenye sakafu ya gari akiwa amejifunika blanketi, kwa kuwa njia ilipita kwenye kituo cha mafuta cha mjomba Hobart, na Hobart alikuwa na macho ya mwewe na mdomo wa redio. Alipoambiwa ainuke, walikuwa kwenye milima asiyoijua, ukungu umetanda. Alichokumbuka ni sanamu ya askari wa jiwe mbele ya mlango wa mahakama. Lakini huko milimani kila mahakama ina askari wake wa jiwe.

Virgil alimwacha miaka ishirini iliyopita, akamwoa Rhetta wa duka la dawa. Tangu hapo wanawake hao wawili waligawana mji. Oneida alisali kwa Wabaptisti, Rhetta kwa Wamethodisti. Gari la mmoja likionekana nje ya duka, mwingine alikumbuka ghafla kwamba hana haja ya sukari. Kwenye maziko ya watu mmoja alikaa kulia, mwingine kushoto, marehemu katikati.

Alasiri hiyo Oneida alijikaza kisabuni, akaenda kubisha mlango ambao hajawahi kuugusa.

Rhetta alifungua, akamtazama kuanzia viatu mpaka nywele. "Makubwa! Umekuja kudai urithi na mwenyewe hajafa?"

"Nilikuachia vyote, mama, mpaka kikohozi chake cha asubuhi. Sijakuja kurudisha kitu. Nina swali moja kwake, kisha naondoka."

"Swali! Huyo hakumbuki hata alichokula leo. Hukusikia, au Wabaptisti hawaongei?"

Alikuwa amesikia. Kusikia ni kitu kimoja. Kingine ni kumwona Rhetta, aliyekuwa akipaka rangi kucha hata za kwendea bustanini, amesimama na ndala za rangi mbili tofauti, macho yamezama. Juu kabisa ya mlango palikuwa na komeo jipya, mahali ambapo mzee aliyechanganyikiwa hatafikiria kutazama.

"Ni kwa ajili ya Tamra," Oneida alisema, na sauti ikamtoka ndogo kuliko alivyopanga.

Rhetta akasogea kando.

Virgil alikuwa mezani jikoni akipanga skrubu, ndogo kwa ndogo, kubwa kwa kubwa. Mikono yake ya mchimba makaa bado ilikuwa na ule weusi wa chini ya ngozi usiotoka kwa sabuni. Aliinua macho, uso ukamng'aa.

"Nida! Umeshatoa blanketi? Hobart hajatuona?"

Oneida akashika kiti. Nyuma yake alisikia Rhetta akivuta pumzi. "Leo asubuhi mimi kaniita nesi," Rhetta alisema polepole.

"Hajatuona, Virgil," Oneida alisema. "Tunakwenda mji gani vile?"

Mzee akakunja uso, akatafuta, akakosa. "Jina sijui. Ila nipe funguo nitakufikisha. Tunapita kwa Hobart, tunafuata mto..."

"Funguo hupati," Rhetta akamkata. "Mara ya mwisho ulimgonga ng'ombe wa jirani Sizemore." Akamtazama mmoja, akamtazama mwingine. Kisha akafunga mikono kifuani. "Kesho naendesha mimi. Siwezi kumwacha mume wangu na mke wake wa zamani waende kufunga ndoa, mimi nibaki naosha vyombo."

Waliondoka kulipokucha. Virgil alikaa mbele, amenyooka kama shemasi, kidole kimeelekea kioo. Kituo cha Hobart siku hizi kinauza simu, lakini alikijua. "Lala chini, Nida!" alisema, na Oneida, mwanamke wa miaka sitini na minane mwenye vyuma mgongoni, akainama kwenye kiti cha nyuma mpaka walipopita. Rhetta alimwona kwenye kioo, mdomo ukamcheza.

Virgil alijua kila kona. Hapa kushoto penye kiwanda cha mbao, ingawa kiwanda hakipo. Hapa polepole, kuna mbwa, ingawa mbwa huyo alikufa zamani. Aligeuka, akamnong'oneza Oneida kwa sauti ambayo gari zima lilisikia: "Dereva tuliyempata ni mzuri sana. Tutamlipa nini?"

Vidole vya Rhetta vilikaza usukani.

"Huyo si dereva, Virgil," Oneida alisema. "Huyo ni Rhetta."

"Rhetta," mzee alirudia, kama mtu anayeonja chakula asichokijua.

Karibu na mpaka wa Virginia walikutana na barabara kuu mpya, pana, imepasua mlima ukabaki nusu. Virgil akashusha kidole. Akatazama kulia, akatazama kushoto, kisha akaanza kupigapiga dashibodi kwa kiganja. "Mlima uko wapi? Palikuwa na mlima hapa! Nani kauchukua?" Machozi yakamtoka.

Rhetta akaegesha pembeni, akafungua mkanda wake, akamshika kichwa akakilaza begani mwake. Hakumwambia anyamaze. Alimwimbia kitu bila maneno, akatoa mfukoni biskuti za siagi ya karanga, akamvunjia vipande vidogo. Yote hayo aliyafanya bila haraka, na Oneida huko nyuma aliona kwamba alishayafanya mara nyingi, mchana na usiku, bila shahidi.

"Turudi," Oneida alisema. "Inatosha. Nitaandika kwa posta."

"Na mtoto azaliwe bila bibi? Fikiri, mwanamke! Ulikuwepo kwenye hilo gari."

Oneida akafumba macho. Giza la blanketi, harufu ya mafuta ya gari. Kisha hewa ya baridi, na yeye ameinama dirishani anatapika. "Kulikuwa na daraja," alisema. "La chuma. Matairi yalikuwa yanaimba."

Rhetta akatazama barabara kuu, akatazama bonde lililo chini yake, na mto mwembamba unaometa kati ya miti. "Barabara za zamani zilifuata maji," alisema. "Walikuwa hawana mashine za kukatia milima." Aliwasha gari, akarudi nyuma kidogo, akapata kijia cha lami iliyopasuka kilichoteremka chini ya barabara kuu.

Walikwenda polepole, majani yakigusa vioo. Kona ya kwanza, ya pili. Ghafla magurudumu yakaanza kuimba.

"Sasa kulia kwenye kanisa," Virgil alisema kwa utulivu kabisa, kama hajawahi kupotea.

Mji ulikuwa mdogo, mtaa mmoja na taa moja. Askari wa jiwe alikuwa amesimama mbele ya mahakama, pua imemomonyoka. Oneida alimtambua mara moja. Akatangulia kuingia.

Ndani, karani aliyeitwa Ratliff aliuliza majina na mwaka, akaingia chumba cha nyuma. Walisubiri kwenye benchi, watatu kwa safu. Aliporudi alikuwa anatabasamu. "Virgil Dean Stamper na Oneida Fay Gilliam. Yupi bibi harusi?"

"Huyu," alisema Rhetta. "Mimi ndiye niliyemleta bwana harusi."

Bwana Ratliff aliwatazama, akaona ni busara kutouliza. Alitoa nakala, akaigonga muhuri, akaisukuma mezani. Oneida alikuwa anaikunja vizuri aliposikia vurugu mlangoni. Watu walikuwa wanatoka kwenye kesi, sauti zinagongana, viatu vinalia sakafuni, na Virgil alikuwa amejibana ukutani, macho yamemtoka. Wanawake wote wawili walinyoosha mkono.

Alishika wa Rhetta.

"Rhetta," alisema. "Watu hawa siwajui. Twende nyumbani."

Oneida akaurudisha mkono wake. Alitarajia maumivu, alikuwa ameyasubiri tangu jana, kama mtu anavyosubiri sindano. Hayakuja. Alichohisi ni wepesi, kama mtu aliyetua ndoo aliyokwisha kusahau kwamba ameibeba. Na Rhetta alikuwa analia waziwazi katikati ya mahakama, mdomo wazi, bila kujifuta.

Walikula maharage na mkate wa mahindi kwenye kimgahawa cha ng'ambo ya mtaa. Virgil alisinzia kabla hajamaliza.

"Unalala saa ngapi?" Oneida aliuliza.

"Kulala ndiyo nini?"

"Nikirudi kutoka kwa Tamra, Alhamisi zangu hazina kazi. Nitakuja asubuhi. Wewe utakwenda kulala, au kupaka kucha, au kuwasema Wabaptisti, utakavyo."

Rhetta alikoroga kahawa iliyokwisha kukorogeka. "Nitamwachaje kwako? Si utamtorosha tena Virginia?"

"Na huu mgongo? Chini ya blanketi siingii tena."

Wakacheka, kwanza kwa kujizuia, halafu hovyo, mpaka mhudumu akaja kuuliza kama kuna tatizo.

"Na jina je?" Rhetta aliuliza walipotulia. "Wengi wakiachika hurudia la baba. Ungelirudia lako, cheti cha kuzaliwa kingetosha, usingehangaika hivi."

"Nimelivaa miaka hamsini, limeshalegea mahali panapotakiwa. Linakukera?"

Rhetta alifikiri. "Lilikuwa linanikera," alisema.

Wiki iliyofuata binti wa miwani mikubwa aliziweka karatasi za Oneida kwa mpangilio mezani, Gilliam huku, Stamper kule, hati ya ndoa katikati, akagonga muhuri wa mwisho kwa furaha kana kwamba ni yeye anayesafiri. "Tazama hapa, mama. Unaweza kutabasamu." Oneida alitabasamu mno; kadi ilipofika kwa posta alionekana kama mtu aliyeshinda mashindano ya mapishi ya mkoa.

Kwenye uwanja wa ndege alipelekwa na Rhetta. Ofisa aliitazama kadi, akamtazama yeye, akamwambia, "Pita, mama." Basi. Alikuwa amejiandaa kwa maswali, akajikuta anashukuru mara tatu mpaka watu nyuma yake wakaanza kukohoa. Ndege ilipopaa alishika mkono wa mwanafunzi asiyemjua aliyekaa kando yake, na mwanafunzi yule alimwachia aushike.

Mtoto alizaliwa mapema kidogo, wa kiume, mzima, na makelele yake yakajaza wodi. Oneida alimbeba mpaka mikono ikafa ganzi, kisha akampigia Rhetta.

"Analia?" Rhetta aliuliza.

"Husikii?"

"Sogeza simu. Ngoja nimwekee mzee sikioni."

Huko Kentucky, jikoni, Virgil alisikiliza kwa makini sana. "Wa nani huyu?" aliuliza.

"Wa Tamra. Mjukuu wako."

Mzee akasikiliza tena. "Mwambieni Nida ambadilishe nepi," alisema. "Hicho si kilio cha njaa."

Oneida akapapasa. Nepi ilikuwa imelowa.